Sura ya Baba Mkwe

Prisca muuza maziwa anadai hakukimbia. Anadai alitembea kwa haraka tu, kama mtu aliyeacha sufuria motoni. Lakini nusu ya soko la Tukuyu ilimwona Jumanne ile, akitoka dukani kwa fundi Esnath na blauzi iliyoshonwa mkono mmoja, mkono wa pili umeshikizwa kwa pini, pini zinamchoma na yeye hana habari, anapiga kelele, "Nimeona! Jamani, nimeona!"

Hapo ndipo tulipomwacha wiki iliyopita. Sasa, aliona nini?

Msikilizeni anavyosimulia mwenyewe, amekalia ndoo yake iliyofunikwa, wanawake watano wamemzunguka, na hakuna hata mmoja aliyekuja kununua maziwa.

"Nimesimama mbele ya kile kioo. Esnath yuko nyuma yangu, pini mdomoni, ananibana kiunoni. Natazama. Mimi nipo. Mimi ni yuleyule, na ndoo yangu."

"Na ndoo?" mmoja akamchokoza. "Mwalimu Leah alitazama akajiona ana watoto wanne. Karani wa mahakama alijiona mchungaji. Wewe ukajiona na ndoo?"

"Ndiyo, na ndoo! Ina maana njia zote za maisha yangu zinaishia kwenye ndoo. Nimeshalia, nimemaliza. Niacheni niseme."

Maana mji mzima ulikuwa umeshaijua tabia ya kioo kile. Hakikuonyeshi ulivyo. Kinakuonyesha ambavyo ungekuwa, kama siku fulani ungekubali pale ulipokataa, au ungekwenda pale ulipobaki. Yohane, mume wa Esnath, alikinunua mnadani, pale mashamba ya chai yalipokuwa yanauzwa na vyombo vya nyumba za mameneja vimetolewa nje kwenye nyasi, kitanda hapa, beseni pale. Esnath ndiye aliyekigundua, na alikigundua kwa vifungo. Kioo cha kawaida hugeuza. Shati la mwanaume ukiliona kiooni, vifungo vyake vimekaa kama vya blauzi. Kile hakikugeuza. Waliokuwa mle ndani hawakuwa vivuli vya watu. Walikuwa watu.

"Sasa," Prisca akaendelea, "namwangalia Esnath kule kiooni. Huku ameinama. Kule amesimama wima, amevaa gauni la maana, na nyuma yake kuna mwanaume. Mzee. Amemwekea mkono begani, hivi. Mkono wa mtu aliye nyumbani kwake."

"Nani?"

"Simtaji."

"Prisca!"

"Simtaji. Nina heshima zangu."

Alikuwa ameshamtaja kwa watu sita. Kufika saa saba mchana jina lilikuwa limeingia Kawetele, ukweni kwa Esnath, likapita nyumba kwa nyumba katikati ya migomba, likamfikia kila mtu isipokuwa wawili. Yohane hakuambiwa, kwa sababu ambayo mtaiona. Na Esnath hakuambiwa. Nani angeanzia wapi?

Yeye aliziokota pini zilizodondoka sakafuni, akazirudisha kwenye kopo, akakaa kwenye cherehani. Alikuwa na sare za shule za kumaliza. Tangu Yohane apunguzwe kazi kwenye shirika, miaka miwili iliyopita, cherehani ile ndiyo iliyokuwa baba na mama wa nyumba, na tangu hapo Esnath alikuwa na ganzi. Si ganzi ya mkono, ile ya kukunja na kukunjua ikapona. Ganzi ya mtu mzima. Mvua ikinyesha alijua inanyesha. Mtu akimtukana alijua ametukanwa. Basi.

Siku mbili zikapita hivyo. Alhamisi asubuhi mlango ukasukumwa bila hodi.

Aliyeingia ni wifi yake Ikupa, dada mkubwa wa Yohane, mwanamke wa mabuti na sauti, ambaye akisali kanisani hata mvua husikiliza. Chini ya cherehani, Janeth, mtoto wa Esnath, miaka minne, alikuwa akipanga vipande vya vitambaa kwa rangi.

"Wifi, simama pale."

"Wapi?"

"Usijifanye. Kwenye kioo. Na wewe Prisca, ingia, usijifiche nyuma ya mlango, ndoo yako inaonekana."

Wakaingia wote watatu kwenye kile chumba kidogo cha kujaribia nguo, Ikupa akavuta pazia.

Miezi miwili kioo kilikuwa pale, na Esnath hakuwahi hata siku moja kukitazama kwa ajili yake mwenyewe. Alibana watu viuno, alipiga chaki, macho yake kwenye kitambaa. Si kwamba aliogopa. Hakuwa na hamu tu. Mtu ambaye leo yake haimuumi wala haimfurahishi, atataka leo gani nyingine?

Akainua macho.

Kwanza aliliona gauni, kwa kuwa ni fundi. La bluu, mabega yamekusanywa kwa rinda, limeshonwa na mkono mzuri ila kiuno kimekaa juu. Halafu akaiona sura. Alitafuta kitu kwenye sura ile, furaha, au huzuni, au hata uchovu wa namna nyingine. Hakukuta. Yule Esnath wa kule alikuwa amesimama kama alivyosimama yeye, mdomo umefungwa, macho yanangoja.

Halafu akamwona mwanaume. Masikio makubwa. Kovu limekata unyusi wa kushoto. Koti la kahawia, kiraka kwenye kiwiko, kiraka kimeshonwa kwa uzi mwekundu.

Na hapo, kwa mara ya kwanza tangu mwaka uanze, Esnath alikaribia kucheka. Siku mbili watu wanakatiza maneno akipita, na kumbe ni jambo dogo kiasi hiki!

"Ah," akasema. "Kumbe ni huyu. Huyu namjua."

Ikupa hakugeuza shingo. "Unamjua."

"Namjua vizuri, wifi. Alikuja kwetu Masukulu, nina miaka kumi na saba. Alikuja mara mbili akakaa na marehemu baba, mimi ndiye niliyemkaribisha maziwa ya mgando. Alitaka kunioa. Mwenyewe, si kwa ajili ya mtu. Halafu hakuonekana tena, ndipo mshenga wenu akaja na jina la Yohane. Hata anaitwa nani sikuambiwa. Koti ni lilelile. Kiraka kile nilitamani nikifumue nikishone upya, kilikuwa kinanikera..."

Alizungumza mengi kuliko alivyozungumza mwezi mzima. Maskini, alidhani anajisafisha.

"Gwe Esnath," Ikupa akasema polepole. "Huyo ni baba."

"Baba gani?"

"Baba yangu mimi. Baba yake Yohane. Mkwe wako."

Prisca akashika ndoo yake kwa mikono miwili. "Mimi sikumtaja," akasema. "Mungu ni shahidi, mimi leo sikumtaja."

Wasomaji mlio mbali na Rungwe, mtauliza: inawezekanaje mwanamke akae miaka sita kwenye ndoa, Kawetele hiyohiyo, asiijue sura ya mkwe wake? Inawezekana sana. Huku mkamwana hamtazami baba mkwe. Akimsikia anakohoa njiani, anaiacha njia, anaingia kwenye migomba, anajifunika khanga mpaka apite. Hali chakula naye chumba kimoja. Hamwiti jina, wala hatamki neno linalofanana na jina lake. Mzee anaitwa Ambindwile, na kwa sababu hiyo fundi Esnath, miaka yote sita, hajawahi kusema "pindo". Anasema "ukingo wa chini". Wateja humcheka, naye hushona huohuo ukingo wa chini ukanyooka.

Ni kweli kwamba wengi siku hizi wameuacha mwiko huo. Wakristo wengi wanakaa meza moja na wakamwana zao wanakula ndizi wanacheka. Lakini Mzee Ambindwile, pamoja na uzee wake wa kanisa, aliushika. Tangu siku ya posa alisema: kwangu mimi, kama walivyofanya baba zetu. Watu wakamsifu.

"Sasa nieleze mimi," Ikupa akasema. "Miaka sita hata neno "pindo" unalikwepa kwa heshima ya baba. Ukisikia fimbo yake unaruka mtaro. Na sura yake unaijua, hadi kovu, hadi uzi wa kiraka. Umeiona wapi?"

"Nimekwambia. Masukulu."

"Shahidi?"

"Baba yangu."

"Baba yako yuko kaburini."

"Basi yeye. Mkwe."

"Nani atamsimamisha mzee wa kanisa amuulize kama aliwahi kumposa mke wa mwanawe, na mama alikuwa hai? Wewe?"

Esnath aliyasikia maneno hayo kama mtu anayesikiliza redio ya jirani, ukutani, habari za nchi nyingine.

"Jumamosi saa nne ni kikao cha ukoo," Ikupa akasema. "Mzee Anyosisye ataongoza. Watapita hapa kwanza wakione kioo. Ukishindwa kueleza, unarudi Masukulu na nguo zako. Mtoto anabaki. Ng'ombe wa mahari walishatoka, unajua." Akainama chini ya cherehani. "Janeth, njoo kwa shangazi."

"Leo ni Alhamisi," Esnath akasema.

"Najua leo ni siku gani."

Esnath akapiga magoti, akamfunga Janeth vifungo vya sweta kuanzia chini kwenda juu. Mtoto akauliza kama anaweza kwenda na vitambaa vyekundu. Mama akasema anaweza. Walipotoka, Esnath alikaa akavuta sare iliyofuata. Alishona mkono wa kushoto mahali pa mkono wa kulia, akaufumua, akashona tena.

Yohane, aliyelala kwa dada yake, alikuja Ijumaa. Hakuingia. Alisimama kizingitini, mgongo umeegemea mlango, anatazama barabarani kama mtu anayesubiri gari. Dada yake alikuwa amemwambia yote.

"Ulimwona baba wapi?"

"Masukulu."

"Kabla yangu."

"Kabla yako."

Pikapu ikapita na magunia ya viazi vya Isongole. Yohane akaisindikiza kwa macho hadi kwenye kona.

"Kamuulize," Esnath akasema.

"Nimuulize baba kitu kama hicho?"

"Basi."

"Sema ulichanganya. Sura za wazee zinafanana. Sema koti ndilo lililokuchanganya."

"Nikisema hivyo, Janeth atarudi?"

Mumewe akakwaruza matope kwenye kiatu kwa ukuta. "Wifi yako na Prisca walikusikia ukisema unamjua," akasema mwishoni. "Hata ukikana, walikusikia."

"Sasa umekuja kuniambia nini, Yohane?"

Alisema mvua inakuja, akaondoka. Mvua haikuja.

Jumamosi Esnath alifungua duka saa moja na nusu. Alipiga pasi gauni la mteja. Alifagia. Saa mbili kamili mlango wa nyuma, ule wa uani, ukagongwa mara mbili kwa kitu kigumu. Fimbo. Kisha kikohozi.

Miguu ya Esnath ilimgeuza yenyewe kabla ya kichwa kuamua. Uso ukutani, khanga usoni, kama alivyofanya miaka sita. Alisikia mlango ukifunguka. Hatua nzito zikapita nyuma yake, zikaingia chumba cha kujaribia nguo. Pete za pazia zikalia kwenye waya.

"Geuka tu," sauti ikasema kutoka ndani. "Hunioni."

Esnath akageuka. Chini ya pazia palionekana viatu vyeusi vilivyopakwa mafuta, vimesimama sambamba.

"Ndaga," mzee akasema.

"Ndaga, tata," akajibu. Neno hilo kwetu ni salamu na ni asante pia, na hiyo ilikuwa salamu yao ya kwanza tangu awe mkwe wake.

"Nimesikia umesema nilikuja kwenu mara mbili."

"Nimesema hivyo."

"Ni kweli. Nilikuja mara mbili. Mara ya pili maziwa uliyaweka kwenye kibuyu kipya, yakawa na harufu ya moshi. Sijanywa maziwa kama yale tena."

Moyo wa mwingine ungepiga. Wa Esnath ulisikia tu kwamba ni kweli, ukaiweka kweli ile pembeni kama kipande cha kitambaa kitakachohitajika.

"Kwa nini hukurudi?"

"Kanisa lilijua nataka mke wa pili, halikujua ni nani. Wakaniita. Wakaniambia, Ambindwile, mke unaye, ukioa wa pili tunakutenga, huji tena kwenye meza ya Bwana. Nilifikiri wiki tatu. Baba yako alikuwa ameshakubali. Kumwambia nimeacha ilikuwa aibu kwake na kwangu. Basi nikasema, nina kijana."

"Yohane."

"Yohane."

"Na mwiko?"

"Wenzangu wote waliuacha. Mimi niliushika. Ulidhani ni kwa ajili ya baba zetu?"

Kwa hiyo ndivyo ilivyokuwa! Watu wanamsifu kanisani, Ambindwile mtu wa mila, Ambindwile mtu wa heshima, kumbe mwiko ni ukuta aliojijengea mwenyewe. Asimwone mkamwana akiteka maji. Asimsikie akicheka. Miaka sita hakuna aliyeujua ukuta ule ni wa nini, na wa mwisho kujua ni yule aliyefungiwa upande wa pili.

Esnath akasogea hatua moja. "Baba, saa nne wanakuja. Wanataka kumchukua mtoto wangu. Wanasema siwezi kuijua sura yako bila dhambi. Aliye hai anayejua mambo ya Masukulu ni wewe peke yako."

"Najua."

"Ukisema ulichoniambia sasa hivi, yameisha."

"Yameisha kwako," mzee akasema. "Kwangu yanaanza. Watauliza Yohane ni nani kwangu, mwana au ngao. Watanitenga sasa kwa lile nililokataa kutengwa wakati ule."

"Sasa umekuja kufanya nini hapa?"

Esnath akatazama chini. Viatu vyeusi vilikuwa vimegeuka. Visigino vilikuwa upande wake, na ncha zilielekea kiooni.

Akaelewa. Hakuja kumwokoa. Wala hakuja kumwangamiza. Alikuja kutazama, kama karani, kama Mwalimu Leah, kama kila mtu.

"Baba, usitazame," akasema. "Wakikukuta humu na mimi peke yetu, nimekwisha."

Viatu havikugeuka.

"Baba?"

Nje, upande wa barabara, kukasikika mabuti. Saa ilikuwa bado, mbili na nusu haijafika. Sauti ya Ikupa ilisema, "Nimeona afadhali tuwahi kabla hajakificha." Sauti ya Prisca ikasema yeye kaja kama shahidi tu, kazi zake ziko palepale. Kisha fimbo nyingine, kisha, "Hodi humu ndani!"

Komeo halikuwa limefungwa. Mzee Anyosisye, mkuu wa kikao, akaingia akikung'uta kofia. Nyuma yake Ikupa, Janeth yuko mgongoni. Nyuma yao Prisca.

"Uko peke yako, fundi?" Mzee Anyosisye akauliza.

Kabla Esnath hajafungua mdomo, nyuma ya pazia mtu akazungumza. Hakuzungumza kwa hofu wala kwa kunong'ona. Alizungumza taratibu, kwa sauti ya mwanaume aliyemaliza kazi ya siku, amekaa kwenye kiti chake, mkewe amemletea kitu mkononi. Alikuwa akimsemesha yule Esnath wa kule kiooni.

"Ndaga, Esnath. Weka hapo."

Ikupa aliitambua sauti ile. Mikono yake ikaacha kumshikilia mtoto, Janeth akateleza mgongoni taratibu mpaka miguu ikagusa sakafu. Prisca alifungua mdomo, na maneno, kwa mara ya kwanza tangu Tukuyu imfahamu, hayakuja.

"Nani yumo humo?" Mzee Anyosisye akasema.

Janeth akaanza kutembea kumfuata mama yake, Ikupa akamshika bega akamrudisha.

Esnath akaliona hilo. Akaishusha khanga kutoka usoni, akalielekea pazia, akasimama karibu nalo kiasi kwamba angeweza kuligusa.

"Baba," akasema, "toka. Waambie ulivyokuja Masukulu. Sema mbele yao, nimchukue mtoto wangu."

Wote wakalitazama pazia, wakangoja. Hapo tunawaacha mpaka wiki ijayo.